Maswali ya Jikoni: Supu Nzito ya Njegere Ndani ya Chungu cha Umeme

Katika toleo lililopita niligusia kwa mistari michache tu supu nzito ya njegere kavu zilizopasuliwa, yenye pilipili na viungo, inayoiva taratibu kwa saa nane au zaidi. Barua zilizofuata zimetoka Kigoma, Kasulu, Kibondo, Urambo na Tabora mjini, na nimefurahi kuona kwamba wengi wenu hamkutaka vipimo tu, bali mliuliza pia sababu. Nimechagua sita. Ya kwanza nimeijibu kwa urefu, kwa kuwa majibu mengine yote yanaiegemea.

Swali: Shikamoo mama. Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi, ninaishi Mwanga, Kigoma. Dada yangu aliyeko Marekani ameniletea chungu cha umeme cha kupikia polepole, kile chenye bakuli zito la udongo ndani na kifuniko cha kioo, pamoja na paketi mbili za njegere kavu zilizopasuliwa. Anasema huko supu hiyo hupikwa na mguu wa nguruwe uliokaushwa kwa moshi, nasi nyumbani kwetu hatuli nguruwe. Ninataka supu nzito, yenye viungo na pilipili ya kutosha, ambayo nitaiacha asubuhi ninapokwenda kazini na kuikuta tayari saa kumi jioni. Nianzie wapi?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Anza kwa kukigeuza chungu chenyewe na kusoma kibandiko kilicho chini yake, hata kabla ya kufungua paketi ya njegere. Umeme wa majumbani Marekani ni wa volti 120, na wetu ni wa volti 230. Chungu kilichoandikwa volti 120 peke yake, kikichomekwa moja kwa moja kwenye soketi ya hapa kwetu, kitapokea volti karibu mara mbili ya zile kilizoundwa kuzihimili, na kinaweza kuungua siku hiyo hiyo. Kile kiplagi kidogo cha kubadilishia miguu kinachouzwa madukani hakikuokoi, kwa sababu kinabadilisha umbo la miguu tu na volti zinabaki zilezile. Unahitaji transfoma ya kushusha volti, yenye uwezo unaozidi wati za chungu. Kwa chungu cha wati 250, transfoma ya wati 500 haitazidiwa. Nimelitanguliza jambo hili kwa sababu zawadi nyingi za ndugu walioko ng'ambo hufa kifo hicho siku ya kwanza.

Ukishajiridhisha na umeme, ielewe tabia ya chombo chako. Sufuria iliyo juu ya mkaa hupata moto mkali kutoka chini, maji yake huchemka kwa nguvu na mvuke huondoka. Chungu hiki hupashwa polepole kwa wati chache, kwa kawaida kati ya 150 na 350, wakati pasi ya umeme hula zaidi ya 1,000. Joto lake hupanda kwa saa kadhaa hadi karibu na kuchemka, kisha hutulia hapo. Mvuke unaopanda hugonga kifuniko, hugeuka matone, na matone hayo hurudi kwenye supu moja baada ya jingine, kiasi kwamba maji uliyoyatia asubuhi ndiyo karibu yote utakayoyakuta jioni. Kwa maneno mengine, chungu hiki hakikaangi na hakipunguzi maji. Mpishi anayeyasahau hayo mawili hupata supu nyepesi yenye ladha ya bizari mbichi, kisha huzilaumu njegere.

Kwa watu sita, chukua nusu kilo ya njegere za kupasua, za kijani au za njano, uzimwage kwenye sinia na kuzichagua, kwa maana kijiwe cha rangi ya njegere hupita machoni kwa urahisi, kisha uzioshe mpaka maji yatoke safi. Hazina haja ya kulowekwa. Zimeshavuliwa ganda na kupasuliwa vipande viwili, hivyo maji yanaingia upande ulio wazi bila kizuizi. Nusu kilo hiyo inatosheka na lita moja na robo tatu ya maji. Najua mkono wako uliozoea sufuria utataka kuongeza. Uzuie, kwa kuwa supu iliyozidi uzito jioni hulegezwa kwa kikombe kimoja cha maji ya moto, lakini iliyozidi maji haina dawa ya haraka ndani ya chombo kisichopunguza maji.

Sasa viungo, na hapa ndipo ninapokuomba usione uvivu. Alfajiri, ukiwa na dakika 15, weka sufuria ndogo jikoni na vijiko vitatu vya chakula vya mawese. Tia vitunguu maji viwili vikubwa vilivyokatwa vidogo vidogo, uvikaange mpaka vilainike na kingo zake zianze kuwa za kahawia. Ongeza punje sita za kitunguu saumu na tangawizi ya ukubwa wa kidole gumba, vyote vikiwa vimetwangwa, ugeuze kwa dakika moja. Kisha tia vijiko viwili vya chai vya binzari nyembamba, kijiko kimoja cha giligilani iliyosagwa, nusu kijiko cha manjano na nusu kijiko cha pilipili manga. Usiondoke hapo. Viungo vikavu ndani ya mafuta ya moto vinahitaji muda wa kuhesabu hadi 40 tu. Harufu itakapobadilika kutoka ya vumbi na kuwa ile inayowafanya watu wa chumba cha pili waulize kunapikwa nini, epua. Sehemu kubwa ya harufu za viungo hivi, pamoja na ukali wa pilipili, huyeyuka kwenye mafuta zaidi kuliko kwenye maji, na ndiyo maana bizari iliyomwagwa moja kwa moja kwenye maji ya chungu itaelea saa nane nzima bila kutoa alichonacho mwenzake aliyepita kwenye mafuta.

Njegere zikae chini kabisa ya chungu, juu yake weka karoti mbili na kiazi mviringo kimoja, vyote vikiwa vimekatwa vidogo, kisha mimina lile kaango pamoja na mafuta yake yote, na mwisho maji ya moto. Maji ya moto yanakipa chungu mwendo na kukupunguzia muda mrefu wa kusubiri joto lipande. Angalizo moja kutoka kwenye hasara yangu: chungu changu cha kwanza nilikimiminia maji baridi kikiwa bado na moto, nikasikia mlio mmoja mkavu, na ufa ukashuka kutoka ukingoni hadi kitakoni. Udongo huo hauvumilii joto kubadilika ghafla. Usiuweke juu ya jiko la mkaa pia, hata kwa dakika mbili za kupasha kiporo.

Chumvi unaweza kutia nusu kijiko cha chai mwanzoni. Wengi wetu tulifundishwa kwamba chumvi ikitangulia njegere hazilainiki, lakini kinachozuia kulainika hasa ni uchachu na maji yenye chokaa, mambo ambayo nitayaeleza kwenye jibu linalofuata. Nyanya, ndimu na ukwaju ndivyo vya kusubiri mwisho.

Pilipili itie mara mbili. Ya kwanza ni pilipili mbuzi moja nzima, na kikonyo chake, bila kutobolewa, iwekwe juu tu. Ikikaa humo siku nzima huachia ile harufu yake tamu inayofanana na ya tunda, na ukali kidogo. Itoe kabla ya kukoroga, maana ikipasuka ndani, habari itakuwa nyingine. Ya pili ni ya jioni: twanga pilipili kichaa mbili au tatu na chumvi kidogo, uzipitishe kwenye kijiko kimoja cha mawese ya moto, na umimine juu ya supu au uweke kibakuli mezani kila mtu ajitilie. Pilipili iliyopikwa siku nzima hutulia na kusambaa. Iliyotiwa mwishoni husimama mbele na kuwasha ncha ya ulimi. Supu hii inazihitaji zote mbili. Tena kwa njia hii watoto wanapata sahani yao kabla ya ile ya pili kumiminwa.

Nimelibakiza suala la nguruwe kwa sababu jibu lake ndilo linalonifurahisha zaidi. Dada yako hakukosea: Uholanzi, ambako supu hii ni chakula cha majira ya baridi, huitia nyama na soseji za nguruwe, na husemwa kwamba imeiva barabara pale kijiko kinaposimama ndani yake bila kushikwa. Lakini kinachofanya kazi kubwa katika mapishi ya namna hiyo ni moshi na chumvi, wala si lazima mnyama awe yule, na moshi na chumvi ni vitu ambavyo Kigoma haijawahi kupungukiwa. Chukua mgebuka mmoja, yule samaki wa Ziwa Tanganyika, uliokaushwa kwa moshi. Ukunje mgongo uvunjike, uvue ngozi, uchambue minofu kwa vidole huku ukitoa miiba mmoja mmoja, kisha uisuuze haraka kwa maji ya moto kuondoa vumbi na masizi. Kichwa na mifupa mikubwa vifunge kwenye kitambaa safi uvitumbukize chunguni tangu asubuhi, viachie moshi wake. Minofu itie katika nusu saa ya mwisho ili isiwe unga. Nimeipika hivyo mara nyingi kuliko ninavyoweza kuhesabu, na sijapata kuona mgeni aliyeuliza nyama iko wapi.

Weka moto mdogo, ufunike, uende kazini. Kuanzia saa moja asubuhi hadi saa kumi jioni ni saa tisa, na kiasi hicho kinafaa. Moto mkubwa ungemaliza kazi hiyo kwa saa nne hadi tano. Chungu cha wati 200 kikiwaka kwa saa nane kinatumia uniti 1.6 za umeme, kwa hiyo unaweza kupiga hesabu yako ya Luku mapema. Waambie watoto wasifunue, kwa maana kila mara kifuniko kinapoinuliwa joto linalotoka huchukua dakika 20 au zaidi kurudi.

Ukifika na kufunua, huenda ukaona tabaka la maji ya manjano juu na ukadhani umeharibu. Hujaharibu. Toa pilipili nzima na kile kitambaa, kisha ingiza mwiko mpaka chini na uanze kukoroga taratibu. Njegere zinazoonekana bado zina umbo zitasambaratika zikiguswa, na ndani ya dakika moja chungu kizima kitakuwa rojo zito linaloacha njia nyuma ya mwiko na kuifunga polepole. Neno supu lisikupotoshe hapa. Kwetu supu ni yale maji mepesi ya mifupa tunayokunywa asubuhi kwa chapati, lakini hii ni chakula kamili: inakwenda na chapati, na wali, na hata ugali wa muhogo, mradi uiache nzito.

Swali: Habari za kazi, mama. Mimi ni fundi cherehani, Isevya, Tabora. Nilifuata maelekezo ya supu ya njegere kwa kadiri nilivyoyaelewa. Nilinunua dukani njegere za njano za kupasua, nikaziweka kwenye chungu cha umeme pamoja na nyanya nne, ukwaju kidogo na maji ya kisima, nikaziacha saa kumi kwa moto mdogo. Zimetoka nzima, kila moja peke yake, na maji yake yako pembeni. Kosa liko wapi?

Jibu: Nzuri, mwanangu, na pole kwa saa kumi zako. Katika barua yako naona washukiwa wasiopungua watatu.

Wa kwanza ni hicho ulichonunua. Madukani huuzwa vipande vya njano vya aina tatu ambavyo mtu asiyevizoea hawezi kuvitofautisha, na muuzaji mwenyewe mara nyingi huviita vyote dengu. Zipo njegere za njano za kupasua, zipo dengu hasa zilizokobolewa na kupasuliwa, na zipo mbaazi za kupasua. Hapo Tabora uwezekano wa kupewa dengu ni mkubwa, kwa kuwa Igunga na Nzega ni nchi ya dengu. Weka chache kwenye kiganja na uzitazame penye mwanga. Kipande cha njegere ni nusu duara iliyo kamili, mgongo wake ni laini na wa mviringo, na rangi yake imefifia kidogo kama imepakwa unga. Kipande cha dengu ni kidogo zaidi, njano yake ni nzito, mgongo wake una mikunjo, na upande mmoja utaona kama kidomo kidogo kilichochongoka. Kipande cha mbaazi ni chembamba na bapa kuliko vyote viwili. Tofauti hiyo ina maana kubwa chunguni: njegere huvunjika na kuwa rojo, lakini dengu hata ikiiva vizuri hupenda kubaki na umbo lake. Kwa mchuzi hiyo ni sifa njema. Kwa supu ya kusimamisha kijiko ni kikwazo.

Mshukiwa wa pili ni nyanya na ukwaju. Kilichoshikanisha punje ya njegere ni gundi ya asili iliyo kwenye kuta za chembe zake, na gundi hiyo huyeyuka kwa joto na maji. Penye uchachu, hukaza na kukataa kuyeyuka. Katika sufuria inayochemka kwa nguvu ungeweza kushinda kwa kuongeza muda. Katika chungu cha polepole, ambacho joto lake linafika karibu na kuchemka na kuishia hapo, uchachu huo unaweza kushinda siku nzima. Nyanya zitie katika nusu saa ya mwisho, zikiwa zimekaangwa pembeni mpaka mafuta yajitenge, na ukwaju au ndimu baada ya kuzima.

Mshukiwa wa tatu ni maji. Maji ya visima vingi yana madini ya chokaa, na chokaa huikaza gundi ileile. Tazama ndani ya birika lako: kama kuna ukoko mweupe mgumu, na kama sabuni inakataa kutoa povu, umepata jibu. Tumia maji ya mvua yaliyokingwa vizuri. Ukikosa kabisa, magadi ya kupikia kiasi cha robo kijiko cha chai kwa nusu kilo yatalainisha, lakini nasema hivyo nikiwa na sababu ya kusita, kwa kuwa magadi huharibu vitamini B1 iliyomo kwenye njegere, na yakizidi kidogo tu supu nzima hupata ladha ya sabuni.

Liko pia jambo dogo la mahali unapoishi. Tabora iko mita 1,200 hivi juu ya usawa wa bahari, na kwa kimo hicho maji huchemkia karibu nyuzi 96, si 100. Zile nyuzi nne zinamaanisha kwamba anayefuata maelekezo yaliyoandikwa pwani atahitaji kuongeza muda. Na kama njegere zako zilikaa dukani miaka, hakuna hata moja kati ya haya litakalozisaidia. Njegere zilizozeeka sana hubaki na kiini kigumu hata zikipikwa siku mbili. Nunua kwenye duka lenye wateja wengi, ambako gunia halikai.

Swali: Shikamoo mama. Hapa Kasulu umeme wetu ulikatika mchana nikiwa shambani. Niliporudi jioni ulikuwa umesharudi, chungu kinawaka, na supu ina joto. Sijui ulikatika kwa muda gani. Niliichemsha tena kwa nguvu na tukaila, na hatukuugua. Je, nilifanya sawa?

Jibu: Marahaba. Namshukuru Mungu kwamba hamkuugua, lakini usiirudie. Chakula kilichopikwa kinapokaa kati ya nyuzi 5 na 60, vijidudu huongezeka kwa kasi, na chungu cha udongo kwa kuwa hupoa taratibu hukaa katika joto hilo la uvuguvugu kwa muda mrefu. Baadhi ya vijidudu hivyo huacha sumu ambayo kuchemsha tena hakuiondoi. Wenyewe watakufa, sumu yao itabaki. Kanuni inayofuatwa ni hii: kama hukuwepo na hujui umeme ulikatika kwa muda gani, chakula hicho kimwagwe hata kama kinaonekana kimeiva. Kama ulikuwepo na supu ilikuwa bado haijaiva, ihamishie mara moja kwenye sufuria umalizie kwa mkaa au gesi. Kama ilikuwa imeshaiva kabisa, ina saa mbili za usalama ndani ya chungu kilichofunikwa.

Najua kumwaga nusu kilo ya njegere na samaki kunauma. Kwa hiyo kwa sehemu ambako umeme hauaminiki, nashauri supu hii ipikwe siku ambayo mtu mzima yupo nyumbani, au kwa moto mkubwa kwa muda wa saa nne, mchana wa Jumamosi. Na itakayobaki usiiache chunguni usiku kucha. Igawe kwenye mabakuli mapana yenye kina kifupi ili ipoe upesi, kisha iende kwenye jokofu. Kesho yake utaikuta imeganda kiasi cha kukatika kwa kisu; ongeza maji ya moto, uichemshe kwenye sufuria huku ukikoroga, itarudi ilivyokuwa.

Swali: Mama, sisi Kibondo tuna maharage ya kutosha ghalani, njegere za kupasua ni za kutafuta. Je, nikiweka maharage mekundu makavu ndani ya chungu cha umeme kwa vipimo vilevile, sitapata supu nzuri?

Jibu: Mwanangu, hapa naomba unisikilize vizuri kuliko mahali pengine popote katika ukurasa huu. Maharage makavu, na zaidi yale mekundu, yana sumu ya asili ambayo huisha yakichemka kwa nguvu, lakini haiishi kwa joto la chini. Chungu cha polepole kinaweza kukaa muda mrefu kwenye nyuzi 80 hivi, na katika joto hilo sumu hiyo huweza kuwa kali kuliko ilivyokuwa kwenye haragwe bichi. Punje nne au tano zisizoiva zinatosha kumfanya mtu atapike na kuharisha ndani ya saa chache. Bibi zetu waliyachemsha maharage kwa moto wa kuni mpaka yakavunjika, ndiyo maana hatukuisikia habari hii zamani. Chombo kipya kimeleta hatari ambayo kile cha zamani hakikuwa nayo.

Ukitaka kuyatumia, yaloweke saa tano au zaidi, umwage maji hayo, uyachemshe kwenye sufuria kwa maji mapya kwa dakika 30 yakitokota kweli, umwage tena, ndipo uyahamishie chunguni na maji ya moto. Njegere za kupasua hazina tatizo hilo kwa kiwango cha kutisha, na choroko zilizokobolewa ni mbadala mwingine mzuri: huvunjika upesi kuliko njegere, na saa tano za moto mdogo zinaweza kuzitosha.

Swali: Nilitia pilipili mbuzi ikapasuka ndani. Wanangu wanalia mezani. Ninaiokoaje supu? (Ujiji)

Jibu: Pole, dada. Usiongeze maji, kwa sababu ukali wa pilipili hauyeyuki humo na utapata supu nyepesi inayowasha vilevile. Opoa mbegu na vipande unavyoviona, tia kikombe kimoja cha tui zito la nazi au maziwa, uponde viazi viwili vilivyochemshwa uvichanganye humo. Watoto wenye midomo inayowaka wape maziwa. Maji yatausambaza tu ukali.

Swali: Shikamoo mama. Nipo Urambo, sina chungu cha umeme na sitarajii kukipata. Nina mkaa, nina sufuria ya kawaida, na msimu huu nina uyoga mkavu mwingi. Je, supu hii si yangu?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Ni yako. Chombo cha umeme kinaiga tu jambo ambalo moto wa mafiga umekuwa ukilifanya siku zote, yaani kukiacha chakula kikae karibu na kuchemka kwa muda mrefu bila kusumbuliwa.

Uyoga wako ushike nafasi ya mgebuka. Uoshe mchanga, uuloweke kwa maji ya moto nusu saa, uyachuje maji hayo kwa kitambaa na kuyahesabu kama sehemu ya maji ya supu, kwa kuwa ladha nyingi imehamia humo. Kaanga vitunguu na viungo ndani ya sufuria kama nilivyomweleza mwalimu wa Mwanga, ukiwa huna mawese tumia mafuta ya alizeti au karanga, kisha tia njegere, uyoga uliokatwakatwa na maji lita mbili na nusu, maana sufuria yako, tofauti na chungu cha umeme, inapoteza mvuke. Usijaze zaidi ya robo tatu. Njegere hutoa povu jingi mwanzoni na hupenda kumwagikia kwenye mkaa.

Zikishatokota kwa dakika 20, una njia mbili. Unaweza kuupunguza mkaa mpaka ubaki makaa machache yenye majivu juu, na kuiacha saa moja na nusu huku ukikoroga kila baada ya muda, kwa sababu rojo la njegere linaposhika chini huungua bila kutoa taarifa. Njia ya pili, ambayo ninaipenda zaidi kwa kuwa inaokoa mkaa, ni ya kapu: kwa njia hii maji lita mbili yanatosha. Tandika blanketi nene ndani ya kapu kubwa, weka sufuria iliyofunikwa ikiwa bado inatokota, uizungushie nguo za zamani kila upande pasibaki nafasi, uifunike kwa mto juu, uiache saa tatu bila kuchungulia. Ukiitoa, irudishe jikoni itokote tena kwa dakika kumi huku ukiikoroga mpaka njegere zote zivunjike, na hapo ndipo umimine pilipili yako ya mafuta na kukamulia ndimu.